Mbaya Si Mbovu: Albamu 19 za Black Sabbath

Mashabiki wa Black Sabbath hubishana juu ya kila kitu, ila wakifika kwenye Forbidden ya mwaka 1995 huwa kitu kimoja. Mwambie yeyote kati yao azipange albamu 19 za studio za bendi hiyo ya Birmingham, aanze na ya chini kabisa ndipo apande, na hatapoteza muda kutafuta pa kuanzia. Sababu anazo. Utayarishaji alipewa Ernie C, mpiga gitaa wa bendi ya Body Count, na rapa Ice-T akaalikwa kwenye wimbo wa kwanza, ndoa ambayo haikuwa na mshenga wa maana. Cozy Powell, mpiga ngoma aliyesifika kwa kishindo, anasikika kama anapigia makopo chumba cha jirani. Gitaa la Tony Iommi, mtu pekee aliyemo katika albamu zote 19, limesukumwa nyuma kama mpambe kwenye arusi ya mwenzake. Iommi hakulisahau jambo hilo. Mwaka 2024, karibu miaka 30 baadaye, sauti za albamu hiyo zilichanganywa upya chini ya mkono wake, ikatoka tena ndani ya mkusanyiko wa Anno Domini 1989–1995.

Sasa, shabiki anaposema Forbidden iko chini ya nyingine zote, anasema jambo la namna gani? Anayesema Birmingham iko kaskazini-magharibi mwa London anaweza kufunua ramani. Mpanga albamu hana ramani. Ana masikio, ana kumbukumbu, na pengine ana santuri aliyoinunua kwa mshahara wake wa kwanza. Orodha yake ni habari ya albamu, au ni habari yake mwenyewe?

Jibu la haraka ni lile la barazani: kila mtu na ladha yake, mimina kahawa tuendelee. David Hume, mwanafalsafa wa Scotland, alilijua jibu hilo na hakulidharau. Katika insha yake ya mwaka 1757 juu ya kipimo cha ladha, aliipa nafasi yake hoja kwamba uzuri haumo ndani ya kitu, umo katika nafsi ya anayekitazama. Kisha akaonyesha kwamba hakuna anayeishi kwa kuifuata hoja hiyo mpaka mwisho. Atakayemweka mtunzi wa ovyo sawa na mtunzi hodari, alisema, watu watamcheka kama wanavyomcheka anayedai kidimbwi ni kipana sawa na bahari.

Ili kueleza anachotaka, Hume aliazima kisa kutoka Don Quixote. Ndugu wawili wa Sancho waliitwa kuonja pipa la mvinyo. Wa kwanza akasema ni mzuri, ila una kijiladha cha ngozi. Wa pili akasema ni mzuri, ila una kijiladha cha chuma. Watu wakawacheka wote wawili. Pipa lilipokwisha, chini kabisa ukaonekana ufunguo wa zamani uliofungwa kwa ukanda wa ngozi. (Ngozi na chuma: Hume aliandika miaka zaidi ya 200 kabla ya kijana yeyote kuvaa jaketi la ngozi lenye misumari ya chuma kwenda kusikiliza muziki wa hevi metali, lakini huwezi kuusoma ukurasa huo leo bila kutabasamu.)

Forbidden ina ufunguo wake. Kwa miaka mingi walioisikiliza walilalamika juu ya ngoma na juu ya gitaa. Aliyewatetea wanamuziki angeweza kuwajibu kwamba hayo ni masikio yenu tu. Sauti zilipochanganywa upya, pipa likawa limemwagwa. Ngoma zilikuwamo muda wote, gitaa lilikuwamo, na hitilafu ilikuwa kweli pale walipoinyooshea kidole. Toleo jipya linasikilizika kuliko la zamani. Halijaiondoa albamu mkiani, kwa sababu nyimbo zenyewe ni zilezile na nusu yake ni hafifu, ila limethibitisha kwamba sehemu ya lawama ilikuwa juu ya albamu, wala haikuwa juu ya walalamikaji.

Hapa Kiswahili kinamsaidia mwanafalsafa kuliko lugha nyingi za Ulaya. Kina mbaya na kina mbovu, na anayekijua havichanganyi. Yai bovu halina dhambi. Jirani mbaya anaweza kuwa na afya tele. Ubovu ni kitu kushindwa kuwa kile kinachopaswa kuwa. Ubaya unagusa tabia, nia, na madhara. Forbidden ni mbovu. Hakuna aliyewahi kupoteza usingizi kwa kudhani ni mbaya.

Lakini albamu ya kwanza ya bendi hiyo, ile iliyotoka Ijumaa tarehe 13 Februari 1970 ikibeba jina la bendi, ilitisha watu wazima kwa ubaya wake. Jina lenyewe lilitoka kwenye filamu ya kutisha ya Mario Bava ya mwaka 1963. Wimbo wa kwanza unaanza kwa mvua, radi na kengele, kisha gitaa linapiga ule muachano wa noti ambao wataalamu wa zamani wa Ulaya waliuita kwa Kilatini diabolus in musica, shetani ndani ya muziki. Ndani ya jalada palichorwa msalaba uliopinduliwa. Mchungaji aliyeliona angehitaji ushahidi gani zaidi?

Angehitaji kuuliza nani aliyeuweka. Msalaba ule ulikuwa uamuzi wa kampuni ya santuri, nao vijana wa bendi hawakushirikishwa. Wao walivaa misalaba iliyosimama wima, iliyotengenezwa na baba yake mwimbaji Ozzy Osbourne, fundi wa kiwandani. Mwandishi mkuu wa mashairi yao, Geezer Butler, alilelewa katika familia ya Kikatoliki yenye asili ya Ireland huko Aston, mtaa wa wafanyakazi wa viwandani. Mwaka 1971 aliandika wimbo wa "After Forever", ambao ni utetezi wa imani mbele ya wanaomdhihaki Mungu, na hauna mzaha wowote. Waumini wengi waliowachomea vijana wao kanda za hevi metali hawakufika mpaka hapo.

Swali la kidini, hata hivyo, haliishi kwa kuonyesha kwamba mtunzi alikwenda misa akiwa mtoto. Wapo watu wenye hekima waliosema sauti yenyewe ina tabia. Plato, katika kitabu cha tatu cha Jamhuri, anamfanya Sokrates afukuze kutoka mji wake mitindo ya muziki yenye kilio na ile laini ya karamuni, abakize miwili tu: wa ushujaa na wa utulivu. Mtu anaweza kufikiri kwamba Iommi angepewa kibali kwa ule wa ushujaa. Pengine angenyimwa kwa ule wa utulivu.

Imamu al-Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, alikwenda kwa uangalifu zaidi. Katika Ihya Ulum al-Din, kitabu ambacho wanazuoni wa pwani ya Afrika Mashariki wanakijua vyema, ana mlango mzima juu ya kusikiliza. Anauliza: je, sauti huharamishwa kwa kuwa ni tamu? Akajibu kwamba ingekuwa hivyo, hata ndege wangenyamazishwa. Usikilizaji, kwake, huchochea kile kilichomo moyoni tayari; mwenye kumpenda Mungu huzidi kumpenda, mwenye matamanio huzidi kutamani. Vyombo vya nyuzi na vya kupuliza aliviweka upande uliokatazwa, lakini tazama sababu aliyoitoa: vilikuwa alama ya walevi na vikao vyao. Kosa lilikuwa la kikao, na chombo kikalibeba.

Kwa kipimo hicho, albamu yenye kesi nzito kuliko zote za Sabbath si ile ya kengele na radi. Ni Vol. 4 ya mwaka 1972. Ilirekodiwa Los Angeles katika nyumba na studio zilizojaa kokeini. Vijana walitaka kuiita Snowblind, jina la wimbo unaohusu unga huo. Kampuni ikakataa, nao wakapenyeza kwenye jalada shukrani za utani kwa waliowauzia. Hicho ndicho kikao alichokisema Ghazali. Na humohumo mna magitaa mazito kiasi kwamba shabiki mwaminifu hawezi kuiweka chini ya nafasi ya sita. Afanye nini? Hume, kwa upande wake, alisamehe makosa ya imani ndani ya kazi ya sanaa, ila hakusamehe tabia mbaya inayosifiwa bila kulaumiwa. Hiyo aliihesabu kuwa doa ndani ya kazi yenyewe. Akiisikiliza kwa makini Vol. 4 angekuta wimbo wa unga unasikika kama mtu anayeganda, kama mtu anayejua anachokifanya na hawezi kuacha. Shukrani za jaladani zinasifu, ila muziki hausifu. Doa lipo kwenye karatasi.

Kwa hiyo ubovu una ufunguo wake chini ya pipa, na ubaya una mahakama yake. Kinachobaki ni kile kinachowagombanisha mashabiki kweli: juu.

Immanuel Kant, katika kitabu chake cha mwaka 1790 juu ya hukumu, alitofautisha vitu viwili ambavyo Kiswahili, tena, kimevipa majina. Mtu akisema mvinyo wa Visiwa vya Canary unapendeza, alisema Kant, hakasiriki akisahihishwa: sema unakupendeza wewe. Hiyo ni tamu. Kwako tamu, kwa mwenzako chungu, hakuna ugomvi. Lakini akisema kitu ni kizuri, hawezi kuongeza "kwangu mimi" bila kuchekesha, maana anadai kila mtu akubali. Hana ushahidi wa kumlazimisha mwenzake, wala hayuko tayari kuliacha dai lake. Ndiyo hali halisi ya shabiki anayesema Heaven and Hell ni bora kuliko Paranoid. Angekuwa anasema tu kwamba inamwingia, angenyamaza mwenzake alipokataa. Hanyamazi.

Heaven and Hell inaleta tatizo jingine, la zamani zaidi ya Kant. Ozzy alifukuzwa mwaka 1979 kwa ulevi na uzembe. Nafasi yake akaichukua Ronnie James Dio, Mmarekani mfupi mwenye sauti kubwa, na albamu iliyotoka Aprili 1980 ilikuwa na nyimbo zinazopaa mahali ambapo za zamani zilitambaa. Je, hiyo ni albamu ya Black Sabbath? Plutarko ameeleza jinsi Waathene walivyoitunza merikebu ya Theseus kwa kubadilisha mbao zilizooza moja baada ya nyingine, hadi wanafalsafa wakabishana kama ni merikebu ileile. Sabbath walibadilisha mbao kwa kasi ya kutisha. Baada ya Dio akaja Ian Gillan, kisha Glenn Hughes, kisha Tony Martin, na wapiga ngoma kwa zamu. Seventh Star ya mwaka 1986 Iommi aliikusudia iwe albamu yake binafsi. Jina la bendi lilibandikwa kwa shinikizo la kibiashara, na jaladani pakaandikwa jina la bendi na la Iommi kwa pamoja. Wasikilizaji wa muziki wa dansi wa Tanzania wanaijua picha hiyo kwa upande wa pili: NUTA Jazz iligeuka JUWATA, ikageuka OTTU, ikageuka Msondo Ngoma, jina likibadilika huku watu wakiitambua kuwa ni bendi ileile. Birmingham jina lilibaki, watu wakaondoka.

Kwa mpanga orodha jambo hili si la pembeni. Seventh Star si mbovu. Ni albamu ya roki ya miaka ya 1980 iliyopigwa vizuri. Ikiitwa ya Iommi, inapata alama za heshima. Ikiitwa ya Sabbath, inashuka hadi ya 17. Wimbo haujabadilika hata noti moja. Basi hukumu haiangalii sauti peke yake, inaangalia pia kile ambacho kitu kiliahidi kuwa, na hapo tunarudi kwenye ubovu: gari zuri la abiria ni lori bovu.

Za katikati zipitwe haraka. Technical Ecstasy ya 1976 na Never Say Die! ya 1978 zina uchovu wa watu waliochokana. Headless Cross ya 1989 inastahili wasikilizaji zaidi ya ilionao, na kwenye wimbo mmoja anapiga gitaa Brian May, mwenzake Freddie Mercury, yule mzaliwa wa Unguja. Tyr na Cross Purposes zinafuatana nayo kwa mbali. Dehumanizer ya 1992, Dio aliporudi, ni ya hasira safi. Born Again ya 1983 ina jalada la mtoto mwekundu mwenye pembe ambalo hata waliomo ndani yake hawakulipenda wote, na ziara yake ndiyo iliyobeba mfano wa mawe ya Stonehenge uliotengenezwa kwa mita badala ya futi, ukawa mkubwa mno kwa majukwaa mengi. Kuna vijana wanaoipenda Born Again kuliko zote. Wana haki ya kuitwa wenye ladha ya ajabu.

Ujana, kwa kweli, Hume aliuwekea nafasi. Mtu wa miaka 20, aliandika, atampenda Ovid. Wa miaka 40, Horace. Wa miaka 50, Tacitus. Hakuna kati yao anayekosea, kwa sababu kila mmoja anachagua rafiki anayefanana naye. Ndivyo ilivyo kwa Paranoid ya Septemba 1970. Wimbo ulioipa albamu jina uliandikwa kwa dakika chache ili kujaza pengo, na kampuni ikaufanya bango badala ya War Pigs, jina lililokusudiwa. Ndiyo maana jaladani kuna mtu mwenye upanga na ngao ambaye hana uhusiano wowote na wasiwasi wa akili. Kijana wa miaka 15 akiusikia hahitaji maelezo. Mtu wa miaka 50 atarudi kwenye Sabotage ya 1975, albamu iliyotungwa katikati ya kesi na meneja wao wa zamani, kwa sababu naye ameshaona mahakama.

Kuna kosa ambalo Hume hakulisamehe kwa hakimu wa sanaa: chuki aliyoingia nayo mlangoni. Mwaka 1970 wachambuzi wakubwa wa Marekani, Lester Bangs ndani ya Rolling Stone akiwa mmoja wao, waliichana albamu ya kwanza. Vijana wanne wa viwandani, wasiosoma sana, wanapiga polepole na kwa sauti kubwa: hukumu ilikuwa imekwisha kabla sindano haijagusa santuri. Mwaka 2017 Rolling Stone hiyohiyo iliipa Paranoid nafasi ya kwanza kati ya albamu 100 bora za metali za wakati wote. Hume alisema Homer yuleyule aliyependwa Athens na Roma bado anapendwa Paris na London, na kwamba muda ndio unaochuja mitindo. Uzito uliozaliwa Aston umeshafika mbali kuliko hapo. Nairobi iliibuka bendi ya Duma, yaani Martin Khanja na Sam Karugu, waliotoa albamu yao mwaka 2020 kupitia Nyege Nyege Tapes ya Kampala. Ni wajukuu wa mbali, wenye kelele ambazo Ozzy mwenyewe pengine angezizibia masikio.

Mwaka 2013 wazee wenyewe walijaribu kurudi. Rick Rubin, mtayarishaji wa albamu iliyoitwa 13, aliwasikilizisha albamu yao ya kwanza ya 1970 na kuwataka waikamate tena roho ile. Bill Ward, mpiga ngoma wa mwanzo, hakuwamo. Ngoma alipiga Brad Wilk. Wimbo wa "God Is Dead?" ulishinda Grammy, ukiwa umebeba alama ya kuuliza ambayo tangazo la mwendawazimu wa Nietzsche, katika kitabu cha 1882, halina. Albamu ilishika namba moja Uingereza na Marekani. Ni nzuri. Ila inasikika kama mtu anayeiga mwandiko wake wa utotoni, na hilo linaiweka ya kumi.

Juu kabisa sababu hupungua, lakini haziishi. Ipo moja inayostahili kutajwa. Iommi alikatwa ncha za vidole viwili vya mkono wa kulia na mashine ya kiwandani akiwa na miaka 17, siku aliyokuwa anafanya kazi kwa mara ya mwisho. Naye hupiga kwa kushoto, kwa hiyo vidole hivyo ndivyo vilivyokuwa vya kubania nyuzi. Akayeyusha plastiki ya chupa, akajitengenezea vifuniko vya vidole, akatumia nyuzi nyepesi. Kwenye Master of Reality ya 1971 alizilegeza nyuzi nusu tatu za sauti chini ya kawaida, zikawa laini kwa vidole na nzito kwa masikio, na Butler akazishusha zake kumfuata. Vizazi vya bendi vimejifunza kutoka sauti hiyo. Humo ndimo ulimo "After Forever", na humo ndimo mkono ulioharibika ulipopata njia ya kusema ambayo mkono mzima haukuwa nayo.

Paranoid ni ya pili, Heaven and Hell ya tatu. Master of Reality ni ya kwanza. Ina dakika 34 tu. Anayepinga aisikilize mara mbili, kisha aje na hoja.